Funguo za gari anazo, saini hana

Kijana wa miaka 27, amerudi na shahada kutoka Kuala Lumpur au Coventry, saa nne asubuhi bado amelala Mbezi Beach, Dar es Salaam. Maelezo ya haraka yapo tayari: kadekezwa, mama kamharibu, hajui daladala. Maelezo hayo yanatufurahisha sana sisi tuliokulia kwenye daladala, ila hayaelezi kitu. Ndani ya nyumba hiyohiyo, mikononi mwa mama huyohuyo, yupo mwingine anayeamka saa kumi na moja.

Mimi huangalia majina kwenye karatasi. Kadi ya gari ina jina la mzee. Hati ya nyumba ina jina la mzee. Kampuni ni ya mzee, mama ana hisa tano za kutimiza idadi. Kijana anatumia vyote hivi na haamui hata kimoja: hawezi kuuza, hawezi kuweka rehani, hawezi kumfukuza mlinzi, mafuta anaomba. Kwa mtu aliyewekwa hapo, jambo la akili kuliko yote ni kusubiri. Akisubiri miaka minane tunasema hana mwelekeo.

Tuanze na hesabu, maana wazazi wengi hawajawahi kuipiga. Tuseme chumba chake na huduma zake kingepangishwa Mikocheni kwa shilingi 600,000 kwa mwezi. Chakula 400,000. Mafuta 350,000. Bima, matairi na sevisi, ukigawa kwa miezi, 150,000. Umeme, maji, intaneti na dobi 250,000. Matembezi ya wikiendi 500,000, na hapo hajazidisha. Jumla 2,250,000. Ili mtu abaki na kiasi hicho mkononi, kwa viwango vya PAYE (kodi ya mshahara) vilivyoanza Julai 2021 na makato ya NSSF (mfuko wa pensheni) ya asilimia 10, anahitaji mshahara wa takriban 3,300,000 kabla ya makato. Sasa kazi ya kwanza aliyopata, tena kwa bahati, inalipa 1,200,000. NSSF inachukua 120,000, kodi 152,000, anabaki na 928,000. Kila asubuhi akienda kazini anajua anafanyia kazi maisha ya chini kuliko yale anayoyapata akilala. Akiacha baada ya miezi minne tunashangaa nini?

Kwa hiyo ushauri wa "atafute kazi yoyote tu" haufanyi kazi ukiachwa peke yake. Mshahara wa kwanza unakuwa na maana pale tu ambapo ule mfereji mwingine umepunguzwa kwa mpango unaojulikana, na hapa ndipo wazazi wanapokosea kwa pande mbili. Wengine hukata kila kitu kwa hasira usiku mmoja, mama akaanza kutuma kwa M-Pesa kimyakimya, na nyumba ikawa na serikali mbili. Wengine hupunguza kwa maneno tu. Kinachofaa ni kuandika: chumba na chakula bure kwa miezi 12, mafuta mwisho mwezi wa sita, gari likae kwa jina lake na bima alipe mwenyewe kuanzia mwezi wa saba. Baba na mama wote wasaini karatasi hiyo. Saini ya mama ndiyo muhimu zaidi, tusidanganyane.

Hali hii yenyewe si ya zamani sana. Chini ya Azimio la Arusha la 1967, kiongozi hakuruhusiwa kuwa na hisa katika kampuni, kuwa mkurugenzi wa kampuni ya kibepari, kupokea mishahara miwili wala kuwa na nyumba za kupangisha. Walikuwepo walioishi vizuri, wakiwa na nyumba ya serikali Oysterbay, dereva na safari za nje, lakini vitu hivyo vilikuja na cheo na kuondoka na cheo. Mtoto wa mkubwa wa mwaka 1978 alijua baba akistaafu wanahama. Alikuwa na sababu ya kuharakisha na mlango wa kupitia ulikuwepo: benki ya umma, shirika la umma, wizara. Mjomba alipiga simu.

Februari 1991, kikao cha Halmashauri Kuu ya Taifa ya CCM kilichofanyika Zanzibar kililegeza masharti hayo. Mwaka uliofuata vyama vingi vikaruhusiwa, na mashirika ya umma yakaanza kupangiwa kuuzwa. NBC, benki kubwa ya umma, iligawanywa 1997, na benki iliyobaki na jina hilo ikapata mnunuzi kutoka Afrika Kusini mwaka 2000. Miaka michache baadaye, katika awamu ya Mkapa, hata nyumba za serikali zikauzwa kwa watumishi waliokuwa wakiishi humo. Kwa muda mfupi familia ileile ikapata kitu cha kurithisha, na mtoto akapoteza mahali ambapo mjomba angempeleka. Simu ya mjomba haijafa, ila imepungua nguvu. Ajira za serikali zina usaili wa pamoja, na uhakiki wa 2017 uliowaondoa watumishi 9,932 kwa vyeti vya kughushi uliwafanya hata wenye roho ngumu waogope kupenyeza mtu asiyekuwa na karatasi.

Halafu ikaja 2015 na 2016: safari za nje zikabanwa, fedha za taasisi za umma zikahamishiwa Benki Kuu, wenye kampuni za zabuni wakaanza kulipwa kwa kuchelewa au kutolipwa. Vyuma vikakaza. Kuna watoto waliotolewa shule za ada ya dola katikati ya mwaka, na kuna nyumba zilizoendelea kuonyesha sura ileile nje ya geti huku ndani zikiishi kwa kuuza viwanja kimoja kimoja. Kijana aliyekua wakati huo anaamini fedha ipo kwa sababu geti bado lipo. Serikali nayo ikahamia Dodoma, mzee akawa anaondoka Jumatatu na kurudi Ijumaa, siku hizi kwa treni. "Mzee akirudi tutaongea" ndiyo sentensi inayoendesha nyumba nyingi za Dar.

Kabla ya mtaji, kabla ya kazi, lifunguliwe fundo la vyeti. Hili halina mjadala na linachukua miezi, kwa hiyo lianze wiki ya kwanza baada ya kurudi.

Aliyesoma mtaala wa Cambridge au mwingine wa nje hana namba ya mtihani ya NECTA. Anatakiwa kuomba ulinganifu wa matokeo NECTA, ngazi ya kidato cha nne na ya kidato cha sita kila moja kwa karatasi yake. Shahada ya nje inapelekwa TCU, tume ya vyuo vikuu, kutambuliwa. Stashahada na vyeti vya ufundi vya nje vinakwenda NACTVET, baraza la elimu ya ufundi. Tayarisha cheti, matokeo ya masomo yote kwa mihula yote, vyeti vya sekondari, na nakala za kurasa za pasipoti zenye viza ya masomo. Wanaokwama ni wale waliotoka kidato cha nne, wakasoma mwaka mmoja wa maandalizi huko nje, wakaingia shahada. Karatasi ya mwisho ni safi, ngazi ya katikati haipo, na maswali yanaanza. Kama huyo mwanao bado yuko mwaka wa kwanza huko aliko, uliza TCU leo, usingoje mahafali.

Kisha kuna bodi za taaluma. Mwenye shahada ya sheria ya Uingereza haapishwi kuwa wakili hapa kwa lafudhi tu. Atapita Taasisi ya Mafunzo ya Uanasheria kwa Vitendo (Law School) kama wenzake, na wenzake wanaifahamu vizuri: matokeo yaliyozua gumzo Oktoba 2022 yalionyesha wanafunzi 26 waliofaulu moja kwa moja kati ya 633. Mhasibu anahitaji CPA ya NBAA. Mhandisi anasajiliwa ERB, kwanza kama mhandisi mhitimu, na mpango wa bodi hiyo wa mafunzo kwa vitendo (SEAP) ni miaka mitatu kwenye miradi halisi, vumbi na yote. Binafsi naona miaka mitatu ya SEAP inamfaa mtoto wa kishua kuliko shahada ya pili ambayo familia inapenda kumlipia. Shahada ya pili mara nyingi ni njia ya heshima ya kuahirisha, na inagharimu dola.

JKT pia naitaja hapa. Utaratibu wa mujibu wa sheria kwa wahitimu wa kidato cha sita ulisimama miaka ya tisini na kurudi 2013. Wazazi wa mtaala wa nje hufurahi kwamba mtoto wao "amekwepa". Amekwepa miezi ya kulala bweni moja na watoto wa Kasulu na Newala, watu ambao kesho ndio maofisa wa halmashauri atakaowaomba kibali.

Lipo jambo moja la kuangalia kabla ya hayo yote. Hakikisha kinachoonekana ni kuelea kweli. Fedha ndogondogo zinazopotea, simu iliyouzwa mara mbili, kulala mchana na kuwashwa mwili, kukonda: huo unaweza kuwa unga, yaani heroini, na geti kali halijawahi kuuzuia. Huduma ya methadoni ilianza Muhimbili 2011 na ikaenea hospitali nyingine. Ni bure, na kwa kawaida dawa inanywewa kila siku mbele ya mhudumu. Mikeka ya kubeti inafanana kwa dalili za fedha lakini haina dalili za mwili. Kujifungia na kutokula ni suala la daktari wa afya ya akili. Mtaji ukiingia juu ya mojawapo ya haya unachoma nyumba.

Sasa mtaji wenyewe. Familia ikichoka, hutoa kitita: milioni 40, mara nyingi baada ya kuuza kiwanja, mara nyingi kwa sharti moja tu, kwamba "asiturudie tena". Kijana anafungua mgahawa, kinyozi cha kisasa, au duka la nguo. Tuchukue mgahawa mdogo. Fremu Kinondoni, tuseme 800,000 kwa mwezi, mwenye nyumba anataka mwaka mzima: 9,600,000. Mafundi, vigae, taa, bango: 11,000,000, na vigae ni vya kiwango cha Masaki kwa sababu kijana anajua kupamba kuliko kupika. Jiko, jokofu, jenereta: 9,000,000. Leseni na vibali, mashine ya risiti, spika, picha za Instagram: 4,000,000. Jumla 33,600,000. Kimebaki 6,400,000 cha kununua nyama, mafuta na mchele, kulipa watu sita, na kusubiri wateja. Watu sita kwa wastani wa 250,000 ni 1,500,000 kwa mwezi, na vyakula vya kuharibika vinakula kiasi kama hicho. Mwezi wa pili fedha imekwisha, na biashara ya chakula mwezi wa pili bado haijajulikana mtaani. Haikufa kwa uvivu. Ilikufa kwa sababu asilimia 84 ya fedha iliganda ukutani kabla ya sahani ya kwanza kuuzwa.

Kariakoo kuna kilemba, yaani fedha ya kununua nafasi, juu ya kodi, na kilemba ukishakitoa huwezi kumdai mwenye jengo. Umdai nani? Anayekuja baada yako, kama atakuja.

Kuna mitego ya karatasi inayowaumiza zaidi hawa kuliko mfanyabiashara aliyeanzia mezani. Mpangaji wa fremu ya biashara anatakiwa kuzuia asilimia 10 ya kodi ya pango na kuipeleka TRA. Mwenye nyumba atasema yeye anataka yake kamili. Kijana analipa kamili kwa aibu ya kubishana na mtu mzima, na deni la zuio linabaki kwake. Mkataba wa pango una ushuru wa stempu. Chakula ni TBS tangu 2019, kabla ya hapo ilikuwa TFDA, na wapo wenye miongozo ya zamani bado. Zimamoto wanakuja. OSHA, watu wa usalama kazini, wanakuja. Afya za wahudumu zipimwe. Muziki una ada yake ya hakimiliki. Hakuna kati ya hawa anayekuja kwa bahati mbaya, wote wanafahamika, na wote wangewekwa kwenye bajeti siku ya kwanza kama mtu angeuliza jirani.

Njia iliyo salama ni kutoa fedha kwa vipande. Milioni 5 za kujaribu: auze chakula cha mchana kwa kupeleka maofisini, jiko la nyumbani, siku 60, daftari la mauzo la kila siku. Akiweza kuonyesha siku 60 zenye namba, hata kama namba ni mbaya, apewe 12. Kilichobaki kikae mahali kinapozalisha bila kuombwa kila siku. Mfuko wa Ukwasi wa UTT, taasisi ya uwekezaji wa pamoja, unatoa fedha ndani ya siku chache za kazi. Hatifungani za serikali zinaanzia shilingi 1,000,000 na hulipa riba kila miezi sita. Namba mbaya zilizoandikwa ni bora kuliko mauzo "mazuri tu" yasiyo na daftari. Hiyo ndiyo mizani yangu, na sijaona sababu ya kuibadilisha.

Kilimo nakipitia haraka kwa sababu kimesemwa mno. Tikiti maji, kwa nafasi ya mita 2 kwa 1, ekari inachukua miche kama 2,000. Kila mche matunda mawili. Kila tunda 1,500. Milioni 6 kwa ekari kwa siku 80 hivi. Hesabu hii inapigwa Masaki, shamba liko Kiwangwa. Haina nzi wa matunda, haina ubwiri, haina pampu iliyoharibika siku tisa wakati wa kutoa maua, na haina dalali anayekuja shambani na bei yake moja baada ya kuona lori lako halipo. Zaidi ya yote haina msimamizi, ambaye analipwa kwa mwezi bila kujali mavuno na anajua bosi anakuja Jumamosi tu. Mwenye shamba asiyelala shambani wakati wa maua na wakati wa mavuno, akodishe ardhi kwa anayelala huko na achukue kodi yake.

Ugonjwa mwingine ni kampuni. Kijana anasajili BRELA, wakala wa usajili wa biashara, kwa mtandao, anapata cheti, anaandika cheo kwenye wasifu wake, halafu hakuna biashara. Kampuni si kadi ya kujitambulisha. Ukishachukua TIN ya kampuni, kalenda inaanza: makadirio ya kodi na malipo ya robo mwaka, kwa anayefuata mwaka wa kalenda ni mwisho wa Machi, Juni, Septemba na Desemba, ritani ya mwisho ndani ya miezi sita baada ya mwaka kuisha, ikiwa na hesabu za mhasibu, PAYE na tozo ya ujuzi kila tarehe 7 kwa wanaohusika, VAT tarehe 20 kama umesajiliwa, ritani ya mwaka BRELA. Kampuni isiyouza hata sindano bado inadaiwa kuwasilisha, na asiyewasilisha anapigwa faini inayokua. Wapo wenye kampuni tatu za namna hiyo. Aanze kama mtu binafsi mwenye jina la biashara. Mauzo yakiwa chini ya milioni 100 kwa mwaka, mtu binafsi ana kodi ya makadirio iliyo rahisi kuliko hiyo. Kampuni ije pale kunapokuwa na mwenzi wa kumgawia hisa au mteja anayeidai.

Na ukague upande wa pili: je, kijana huyu tayari ni mkurugenzi wa kampuni ya mzee bila kujua vizuri? Ni kawaida. Alisaini fomu akiwa bado chuoni, likizo ya Desemba, mezani. Wakurugenzi hujikuta wamesaini dhamana binafsi za mikopo ya benki. Omba taarifa za kampuni BRELA, soma jina lako liko wapi, kisha omba nakala ya kila kilichosainiwa benki. Kuuliza hivi si utovu wa adabu. Kama mzee ni mkali, aulizwe kupitia mhasibu.

Sehemu inayobeba uzito kuliko zote ni kumpeleka kijana kwenye biashara ya nyumbani. Hapa nyumba nyingi huharibu kwa mtindo mmoja: anaanza Jumatatu bila barua, bila cheo, bila mshahara, anaitwa "bosi mdogo" na wafanyakazi, anakaa chumba cha mzee kwenye kiyoyozi na kuanza kubadilisha nembo. Mama wa mahesabu, ambaye yuko pale tangu 1998 na ndiye anayejua wadaiwa wote kwa majina ya utani, anamkarimu kwa chai na kumficha kila kitu. Miezi mitatu, amechoka, anasema anataka kufanya mambo yake.

Apewe barua ya ajira yenye mshahara wa nafasi ile, si wa mtoto. Kama mtunza ghala analipwa 600,000, alipwe 600,000, PAYE ikatwe, NSSF iende. Aanze ghalani au kwenye magari, mahali vitu vinapohesabika na kuibiwa. Aripoti kwa mkuu wa ghala, na mkuu wa ghala aambiwe na mzee mwenyewe, mbele ya watu, kwamba anayo ruhusa ya kumkaripia. Miezi sita ya kwanza asiguse fedha. Mwezi wa saba apewe kipande kimoja chenye mapato na matumizi yake: tawi, malori mawili, nyumba za kupangisha za Tabata. Kitu kidogo, ila chote kiwe chake, kuanzia kuajiri hadi kudai kodi. Hapo apewe kikomo cha saini: hadi milioni 2 peke yake, juu ya hapo na mtu wa pili. Atapoteza fedha. Weka mapema kiasi ambacho kikipotea hakuna atakayepiga kelele, tuseme milioni 8 kwa mwaka, na ukishakitaja usikirudishe nyuma.

Tatizo kubwa kwenye mpango huu huwa si kijana. Ni simu ya mzee. Kijana kamwambia mpangaji hatapokea kodi nusu. Mpangaji kampigia mzee Dodoma. Mzee kasema "mpokelee tu, ni mtu wangu". Mamlaka yameisha dakika hiyo, na mtaa mzima umeshajua. Mzee anayetaka hili lifaulu anahitaji jibu moja la simu zote hizo: "Mwone mwenyewe, yeye ndiye anayeamua." Alirudie hata akijua kijana amekosea.

Kuna lugha pia. Wengi wa hawa wanasoma mkataba kwa Kiingereza bila shida na wanashindwa kubishana bei Kiswahili kwa dakika kumi bila kutukana au kutukanwa. Kiswahili cha ghala, cha TRA, cha fundi na cha mahakama ni aina nne, na tangu mabadiliko ya sheria ya 2021 hata mahakamani Kiswahili ndiyo lugha yenyewe. Dawa yake ni dereva wa lori. Wiki sita za kupanda lori na utingo hadi Tunduma, akiandika mwenyewe kila stakabadhi ya njiani.

Mabinti wa nyumba hizi wana hali tofauti kidogo, na naona inasemwa mara chache. Binti akirudi na shahada bora kuliko ya kaka yake anapewa "kusaidia ofisini mpaka aolewe". Send-off ya milioni 30 inachangiwa na kamati ndani ya wiki tano. Mtaji wa milioni 10 hauchangiwi. Kwa kuwa hakuna anayengoja matokeo yake, binti hupewa kazi za kweli mapema, yaani mahesabu, kodi, watumishi, na baada ya miaka mitano ndiye anayejua biashara. Siku ya kugawa, hisa zinaenda kwa kaka. Kama binti ndiye anayeendesha, hisa zihamishwe mzee akiwa hai, kwa fomu, kwa kikao chenye muhtasari.

Maana mzee akifa kabla ya hayo, ile kusubiri ya miaka minane inalipwa kwa bei mbaya. Akaunti zenye saini yake peke yake zinasimama. Ukoo unakaa kikao na kupendekeza msimamizi, na hapo ndipo anapotokea mtoto wa tatu wa Morogoro ambaye hakuna aliyemjua. Mahakama ya Mwanzo inasikiliza mirathi inayofuata sheria ya Kiislamu au mila. Nyingine huenda ngazi za juu yake. Msimamizi aliyeteuliwa Mahakama ya Mwanzo anatakiwa kupeleka orodha ya mali ndani ya miezi minne. Chini ya sheria ya mirathi ya Mahakama Kuu ni miezi sita, na hesabu ndani ya mwaka. Huku mishahara inadaiwa kila tarehe 30. Wosia unaweza kuandikwa na kutunzwa RITA, wakala wa serikali wa usajili na udhamini. Mwislamu anausia theluthi moja tu na si kwa mrithi, kwa hiyo kwake kazi kubwa inafanywa na hisa zilizohamishwa akiwa hai, si wosia. Nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza, na vijana wanaokimbilia mkopo kwa hati ya baba husahau kwamba mama ana neno la kisheria hapo.

Hatua ndogo inayowezekana mwezi huu, hata kwa mzee asiyetaka kusikia habari ya wosia, ni saini ya pili benki. Azimio la bodi lililosainiwa, vitambulisho vya NIDA, fomu ya benki ya kubadilisha mamlaka ya akaunti, sampuli za saini. Kisha fanyeni jaribio wakati mzee yuko safarini: lipeni mishahara ya mwezi mmoja bila yeye. Ikikwama, mara nyingi fomu ya karatasi imebadilishwa lakini ya malipo ya mtandaoni haijabadilishwa, na namba ya kuidhinisha bado inaingia kwenye simu ya mzee.